Siku Tano Nilizoruka

Muntu akiniita Papa Kalendrie, naitika, juu huwezi kugombana na jina kila siku. Lakini sifurahi. Nilifanya kazi ya redio maisha yangu yote ya nguvu, kwenye redio ndogo ya kilima hapa Masisi. Nilisoma matangazo ya vilio na ya mbuzi waliopotea, nilipanda antene mvua ikininyeshea, na kitu kimoja tu watu wanakumbuka ni ile kalendrie, kalenda niliyoitunga. Wiki jana ninyi vijana wa redio mulikuja na telefone zenu kunirekodi, mukaniuliza: "Papa, ulitoaka wapi ile akili?" Nilikuwa nimechoka, nikawapa jibu la muntu anayetaka mugeni aende. Leo nawaandikia jibu la kweli. Musome pole pole, juu nami naandika pole pole, mukono unauma.

Kazi yangu haikuanzia redio. Ilianzia korale, kwaya ya kanisa. Mwalimu wetu alikuwa Papa Yakobo, muntu mufupi, mwenye hasira ya karibu, alitufundisha solfeji na kijiti cha kahawa. Do, re, mi, fa, so, la, si, na kijiti kikigonga meza. Kitu kilichomuudhi zaidi haikuwa sauti mbaya. Ilikuwa kimya. Munajua, ndani ya wimbo kuko mahali pa kunyamaza, na sisi watoto wa bass tulifikiri mahali pale ni pa kupumzika, kujikuna, kuangalia wasichana wa soprano. Papa Yakobo alikuwa anapiga kelele: "Kimya iko ndani ya wimbo! Hesabu! Moja, mbili, tatu, hesabu na mudomo umefungwa!" Noeli moja sikuhesabu. Korale yote ikanyamaza, kanisa lote likanyamaza, na miye peke yangu nikangurumisha "Amezaliwaaa" mpaka mutoto wa pasta akaanza kulia. Watu walicheka juma nzima. Papa Yakobo hakucheka hata kidogo. Aliniambia nihesabu kimya mpaka nizeeke, na miye nilipokuwa mwalimu wa korale nikawafundisha wengine vile vile, na kijiti changu.

Redio ilinikamata baadaye, juu walitafuta muntu anayejua kuandika michezo ya kuigiza. Ninyi munabonyeza kidole, mvua inanyesha ndani ya telefone. Sisi mvua yetu ilikuwa maharagi makavu juu ya lungo, unainamisha pole pole ile lungo ya kupepetea, inanyesha. Unatikisa, inakuwa mvua ya mawe. Muntu anatembea kwenye tope? Weka mukono ndani ya bugali ya jana uliyoongezea maji. Ukitaka mulango wa jumba la mufalme, kamata kitanda cha mugonjwa kilicholegea, kinalia vizuri kuliko mulango wowote. Na usikaribie mikro na neno linaloanza na P, kaa pembeni kidogo, ama sivyo unapasua masikio ya watu. Hii bado ni kweli hata na telefone zenu, lakini hamunisikilizi, nasikia emisyo zenu, vile vipindi munavyotoa.

Mama Jolie, muuza sombe, majani ya muhogo, njo alikuwa malkia wetu ndani ya muchezo. Sauti tamu, tabia ngumu. Alikuwa anakula muwa ndani ya studio, katikati ya hotuba ya kifalme unasikia anatema.

Sasa ile kalendrie. Mukubwa wa redio alitaka muchezo wa inchi isiyokuwako, juu inchi iliyoko ilituletea matata: ukisema kilima fulani, kuko muntu anakuja kuuliza kwa nini umetaja kilima chake. Nikatunga Inchi ya Milio. Nikajiuliza, watu wa huko wanahesabuka siku namna gani? Hawawezi kuwa na Juma ya Pili na mwezi wa Januari sawa na sisi. Nikakumbuka korale. Nikawapa miezi saba: Do, Re, Mi, Fa, So, La, Si. Kila mwezi juma ine: juma la soprano, la alto, la tenor, la bass. Na kila juma siku saba, majina yale yale, Do mpaka Si. Mwaka wao ulikuwa mufupi kuliko wetu. Mama Jolie alipohesabu akakuta kule ana miaka makumi nane na kitu, akakataa kucheza siku mbili.

Utamu ulikuwa hapa. Kamata noti ya mwezi. Ruka moja, kamata. Ruka moja, kamata. Mwezi wa Re: Re, Fa, La. Siku zile tatu zinapatana na mwezi, njo siku za mapatano: watu wanaoana, wanasafiri, wanasamehana. Lakini noti zilizo jirani kabisa na noti ya mwezi, ya chini na ya juu, zinakwaruzana nayo. Mwezi wa Re, siku ya Do na siku ya Mi ni za mukwaruzo. Katika Inchi ya Milio, siku ya mukwaruzo hakuna muntu anatia muguu njiani.

Kila siku saa kumi, jua likiwa bado juu, mbele ya matangazo, nilikamata gitare, nikapiga noti mbili pamoja: ya mwezi na ya siku. Halafu nasema: "Leo, Inchi ya Milio, ni siku ya Fa, juma la tenor, mwezi wa Re." Hata muntu asiyejua kusoma alisikia kama noti zinapatana ao zinagombana. Kulikuwa na koko mumoja, muzee sana, siku ya mukwaruzo alitupa tambara juu ya redio asiisikie.

Nilifikiri ni muchezo tu. Eh, watu! Vijana wakaanza kuchumbia siku za mapatano. Pasta akanifwata studio, mukono kiunoni: "Papa, unaleta dini nyingine?" Nikamwambia pasta, hii ni solfeji tu, hata wewe uliimba tenor. Papa mumoja akamupa mutoto wake jina Dieze, ile noti ya katikati, juu alizaliwa kati ya siku mbili. Ule mutoto yuko secondaire sasa, akinikuta njiani hanisalimie.

Halafu watu wakapata kazi ya kweli ya ile kalendrie, na hapa muninyamazie kidogo. Munajua barabara zetu. Ukisema kwa redio "nitashuka Juma ya Tano na mutoto", kuko watu wabaya nao wana redio. Njo watu wakaanza kutuma matangazo kwa siku za Inchi ya Milio. Muchimbaji wa mugodi wa Omate anamutumia bibi yake: "Nitakuja So ya juma la bass." Wale wa njiani hawakusikilizaka michezo ya watoto, hawakuelewa kitu. Miye nilikuwa nasoma yale matangazo kifua mbele. Nilijiona mukubwa. Hakuna siku moja nilijiuliza: kama watu wanaweka miguu yao juu ya kitu chako, hicho kitu kina nguvu?

Kulikuwa na mama, mulimaji wa maharagi na muhogo wa kwetu milimani, anaitwa Mama Neema. Walipokimbia vita, yeye alijikuta Shasha, kando ya ziwa, na mutoto wake Neema, wa miaka kumi, alikimbia na shangazi yake upande mwingine mpaka Kibua, kule Walikale. Miezi mingi hivyo, mama huku, mutoto kule. Yule shangazi, Mama Rehema, nilimujua vizuri: alikuwa alto wangu. Alto mwenye kichwa, hakukosaka kuingia.

Mama Rehema akatuma tangazo kwa karatasi. Nililisoma miye mwenyewe: "Mutoto atafika La ya juma la alto, mwezi wa Re, kwenye kanisa la mbao pale njia panda. Mama yake amungoje." Neema angetembea na wamama wanaobeba mawese kuja kuuza. Wale wamama hawawezi kungoja muntu, wanageuka siku ile ile. Mama Neema akajibu kwa tangazo: "Nimesikia. Nitakuwa pale."

Tulikuwa siku ya Do, juma lile lile la alto. Grupe yetu, mashine ya umeme, ikakohoa, ikazima. Kipande kimekufa, lazima kitoke muji. Siku tano hakuna redio. Nilikaa nyumbani, nililima, nililala muchana. Nilikuwa nimechoka ile wakati, kichwa chote, na nilifurahi kupumzika. Kipande kikaja, grupe ikawaka, nikaingia studio. Sasa, katika muchezo, malkia alikuwa aolewe siku ya Fa. Nilikuwa nimeacha watu kwenye Do. Kama nahesabu zile siku tano, ndoa imeshapita bila muntu kuisikia, na lazima niandike upya kurasa zote. Nikaangalia kaye yangu, daftari la siku, nikaona uvivu wangu unaniambia: nani atajua? Nikakamata gitare, nikasema: "Inchi ya Milio ilikuwa kimya. Sasa tunaendelea. Leo ni siku ya Re." Mukubwa akanipiga bega, akasema vizuri sana Papa, akili nyingi. Miye, mwanafunzi wa Papa Yakobo! Niliruka kimya.

Mama Neema, kule Shasha, alifwata redio. Redio ilinyamaza, naye akangoja. Redio ikarudi kwenye Re, naye akahesabu toka Re. Alifanya kama kila muntu. Lakini kule Kibua, Mama Rehema alikuwa korale. Redio iliponyamaza, yeye aliendelea kuhesabu mudomo umefungwa: Re, Mi, Fa, So, La. Nani alimufundisha hivyo? Ni miye. Akatuma mutoto. Neema alifika njia panda siku ya La ya kweli, siku ya mwisho ya grupe yetu kufa. Mama yake alifika La ya redio, siku tano baadaye. Hakukuta mutoto. Hakukuta hata muntu, juu jana yake risasi zililia pale na watu wote walikimbia.

Baada ya juma mbili, Mama Neema aliingia kwetu redio, miguu imevimba. Alikuwa na karatasi ya Mama Rehema mukononi. Alisema bila kelele: "Papa Kalendrie, Mama Rehema anasema mutoto alifika siku tuliyopatana. Na miye nilifika siku tuliyopatana. Sasa unifasirie."

Nilifungua kaye. Nilijua kabla sijafungua. Siku tano, pale, kati ya musitari na musitari, nafasi nyeupe. Na nikasema nini? Nikasema: "Mama, labda njia. Njia zetu munazijua."

Andikeni hiyo nayo kwenye telefone zenu. Musiandike tu maharagi na lungo.

Akainama, akasema aksanti. Aksanti! Toka siku ile, kila juma alikuja kuomba tangazo la mutoto aliyepotea, nami nikasoma. Nilisoma vizuri, na sauti ya huruma, muntu yeyote angesema huyu papa ana moyo. Maharagi yakapandwa, yakang'olewa. Bibi yangu akaniuliza kwa nini sili. Mwisho nikaenda kwa mukubwa, nikamwambia nataka kusema kwa mikro kwamba niliruka siku. Akakataa. "Redio ikisema imekosa siku, nani atatuamini hata habari? Unataka kutufunga? Acha, Papa. Mutoto hatarudi juu ya hotuba yako." Nilitoka pale na aibu ya kuwa nilifurahi amekataa. Ndiyo, nilifurahi. Nilikaa na ile furaha mbaya siku tatu.

Siku ya ine nilikamata gitare kama kawaida, nikapiga noti zangu mbili, halafu nikasema: "Ni miye nilikosea. Kwenye mwezi wa Re, redio ilipozima, niliruka siku tano. Wengine wenu mulizihesabu, miye sikuzihesabu. Neema, mutoto wa Kibua, kama unasikia: mama yako alikuja siku niliyomuambia miye. Hakukosa yeye. Nilikosa miye." Mukubwa alikuwa nje ya kioo, mikono kichwani. Alinisimamisha kazi siku ile ile, na sikumulaumu. Baadaye akanirudisha kwa antene na matangazo, lakini muchezo ulifia pale.

Mama Neema alisikia ile emisyo Shasha. Alikuja. Nilifikiri atanipiga, nilikuwa hata nimeondoa miwani. Alikaa chini kwenye mulango, akasema: "Toka lini ulijua?" Nikasema: toka siku uliyonionyesha karatasi. Akafunika uso na kitenge. Aliita: "Papa! Papa wee! Msimu muzima!" Mungesema nini ninyi?

Juma moja halijapita, papa mumoja mulimaji akashuka toka kilima cha mbali. Anasema kwake kuko mutoto mwanamuke waliyemuokota kwenye kundi la watu wanaokimbia. Kila siku anahesabuka: leo Do, leo Re. Hataki kusema jina lake wala wazazi wake ni nani. "Ile saa ulisema jina lake," akaniambia, "alisimama, akazima redio, akarudi kumenya maharagi. Alisema: huyo papa anamutetea tu mama."

Tulitembea na Mama Neema toka asubuhi mpaka saa nane. Goti hili liliharibikia huko. Mara moja tu aliniuliza kama nina njaa, akanipa ndizi.

Neema alikuwa uani, amekaa juu ya jiwe la kunolea, maharagi mbele yake. Alikuwa amerefuka. Mama yake akakimbia, akamukumbatia, akalia kwa sauti. Mutoto hakusukuma, lakini mikono yake ilibaki chini, maharagi ndani ya ngumi. Mama wa ile nyumba akaanza kulia naye. Neema akasema: "Mama, ulijua siku. Nilihesabu vizuri. Hukukuja."

"Nilikuja, mutoto wangu. Nilikuja."

"Haikuwa siku yangu."

Mama Neema akanigeukia. Macho yale bado nayaona. Nikainama mbele ya mutoto, goti likalia, nikasema: "Neema, ni miye Papa wa redio. Mama yako hakukosa. Miye njo niliruka."

Akaniangalia. Sauti yangu alikuwa anaijua, uso hapana. "Uliruka ngapi?"

"Tano."

"Kwa nini?"

Nilitaka kusema grupe. Nilitaka kusema kipande. Nikasema: "Uvivu. Sikutaka kuandika upya."

Halafu akauliza: "Ile kaye unayo?" Nilikuwa nayo ndani ya sakoshi, sijui kwa nini niliibeba. "Bon. Andika." Nikakaa chini kwenye vumbi, nikatoa biki. Mutoto akasema, na miye nikaandika vile alivyosema:

"La. Tulifika. Wamama wa mawese wakangoja mpaka mvua, wakaniacha kwa mama muuza ndizi. Nilikaa kwenye mulango wa kanisa.

"Si. Niliona mama mwenye kitenge kama cha Mama. Nilikimbia. Hakukuwa Mama.

"Do. Siku ya mukwaruzo, hakuna muntu anasafiri. Sikungoja. Nilimenya ndizi.

"Re. Nilivaa tena gauni safi. Mama muuza ndizi alisema pengine mama yako amekufa, nikamutupia ganda.

"Mi. Walipiga risasi. Watu wakakimbia, na miye nikakimbia. Nilisahau gauni kwenye kamba."

Nikajua amemaliza zake tano. Lakini aligeuka kwa mama yake, akamuuliza kidogo kidogo: "Na Fa?"

Mama Neema akapanguza uso. "Fa nilifika asubuhi. Kanisa lilikuwa wazi, hakuna muntu. Niliita jina lako mpaka sauti ikaisha. Kwenye kamba kulikuwa na gauni lako, limelowa. Nililikamua. Nilikaa nalo pale mpaka likakauka."

"Unalo?"

"Liko Shasha. Halitakuenea tena."

Mutoto akafungua ngumi, maharagi yakaanguka ndani ya lungo. Akaniambia: "Andika na ya Mama." Akangoja mpaka nimalize, akasoma kila neno kwa kidole. Halafu akaingia nyumbani kuchukua vitu vyake.